Chumvi ya Ng'ombe na Chumvichumvi ya Shamba: Neno Moja, Vitu Tofauti

Ndugu mfugaji, mama mwenye boma, na wewe kijana unayechunga,

Miaka michache iliyopita, mwanzoni mwa msimu wa kupanda, mzee mmoja alinipigia simu. Ng'ombe wake walikuwa wanalambana migongo, wanalamba udongo, na wakiona mahali mtu amekojoa wanapakimbilia. Nilikuwa njiani na pikipiki kwenda kuchanja kijiji kingine. Nikamjibu haraka: "Hao wamekosa chumvi, mzee. Wawekee chumvi jioni, na maji yawepo." Jibu lilikuwa sahihi. Ila sikumuuliza ana chumvi gani nyumbani.

Mzee akamtuma kijana. Kijana akaenda stoo, akakuta mfuko uliokwisha kufunguliwa, ndani mna punje nyeupe. Familia ile ilikuwa imeanza kulima mahindi, na mbolea ya viwandani huko kwetu, kama ilivyo katika vijiji vingi vya Tanzania, watu huiita chumvichumvi. Mfuko ule ulikuwa wa urea. Kabla ya chakula cha usiku ng'ombe watatu walikuwa chini. Wawili walikufa, na mmoja wao ndiye aliyekuwa akikamuliwa maziwa ya watoto.

Kijana hakuwa mzembe. Aliambiwa alete chumvi, akaleta kitu ambacho nyumbani kwao kina jina hilo. Kosa lilianzia kwangu. Tangu siku ile, mtu akinitajia chumvi kwanza namuuliza: ipi? Kipeperushi hiki ni swali hilo hilo, nimelieleza kwa kirefu.

CHUMVI YA JIKONI

Hii ndiyo chumvi ambayo mwili wa mnyama unaihitaji. Wataalamu huiita kloridi ya sodiamu. Majani ya malisho yana potasiamu nyingi lakini sodiamu kidogo, ndiyo maana ng'ombe, mbuzi na kondoo wanaokula majani matupu hupata hamu kubwa ya chumvi. Simba haendi kulamba udongo wa chumvi kama swala, kwa sababu yeye huipata ndani ya nyama na damu.

Ng'ombe mkubwa anatosheka na gramu 30 hadi 50 kwa siku, sawa na vijiko viwili vya chakula hadi viwili na nusu, vilivyosawazishwa kwa kisu. Mbuzi au kondoo kijiko kimoja cha chai. Ng'ombe wa maziwa wanahitaji zaidi kuliko wengine, kwa kuwa chumvi nyingine hutoka na maziwa.

Chumvi hii nayo yaweza kudhuru, lakini mara nyingi hudhuru pale maji yanapokosekana. Mifugo iliyokaa muda mrefu bila chumvi ikiwekewa gunia zima, italamba bila kiasi. Kama kisima kiko mbali au kimekauka, utaona mnyama anahara, anatembea kama kipofu, anasukuma kichwa kwenye ukuta wa boma, kisha anashikwa na degedege. Kwa hiyo anza kidogo kidogo kwa siku kadhaa, na usiweke chumvi siku ambayo hakuna maji ya kunywa. Akishapata dalili hizo, usimwachie maji yote kwa mara moja. Mpe kidogo, baada ya muda kidogo tena, huku ukitafuta mtaalamu.

Jambo moja linachanganya. Ng'ombe anayetafuna mifupa mikavu porini watu husema naye ana njaa ya chumvi. Huyo kwa kawaida amekosa fosforasi, na chumvi ya jikoni haitamponya. Tena mifupa hiyo yaweza kuwa na sumu ya mzoga inayolegeza misuli hadi mnyama anashindwa kusimama. Huyo anahitaji madini yenye fosforasi, na hapo ndipo unapoingia mtego mwingine wa majina nitakaoueleza mbele.

CHUMVI YA DARASANI

Mwanao aliye sekondari akirudi likizo atakuambia kwamba chumvi ni kitu kinachopatikana tindikali ikikutana na kitu kinachoipoza nguvu, mfano wa majivu. Yuko sahihi kwa lugha ya kemia. Kwa lugha hiyo chumvi ni ukoo mzima wenye wanachama wengi, na ile ya jikoni ni mmoja tu. Magadi ni chumvi. Shabu ni chumvi. Haluli, ile ya kuendesha tumbo, ni chumvi. Shura iliyotumika zamani kutengeneza baruti ni chumvi. Mrututu, yale mawe ya rangi ya buluu, nao ni chumvi ya shaba.

Kuwa wa ukoo mmoja hakufanyi tabia zilingane. Mrututu huwekwa kwenye maji ya kukanyagisha mifugo yenye kwato zinazooza, lakini kondoo akiyanywa maji hayo anaweza kufa, maana kondoo ni dhaifu kwa shaba kuliko mifugo wengine. Kwa sababu hiyo hiyo usimpe kondoo madini yaliyotengenezwa kwa ajili ya ng'ombe. Soma mfuko, kama umeandikwa wa ng'ombe, uwe wa ng'ombe.

MAGADI

Sisi wa ukanda wa Bonde la Ufa tumekua na magadi. Ziwa lililo ndani ya kreta ya Ngorongoro linaitwa Magadi, Wamaasai huliita Makat, na ng'ambo ya mpaka, Kajiado, kuna Ziwa Magadi jingine ambako yamechimbwa kwa zaidi ya miaka 100. Ziwa Natron nalo lina jina la kitu hicho hicho kwa lugha za Ulaya. Ukiona herufi Na kwenye mfuko wa madini, ndiyo alama ya sodiamu, na ilitokana na jina hilo la magadi.

Magadi yana sodiamu, kwa hiyo ng'ombe wanaoyalamba hawajidanganyi. Lakini hayawi badala kamili ya chumvi. Kwanza, hayana kloridi ya kutosha. Pili, magadi ya ukanda huu mara nyingi yana floridi nyingi, ile ile inayofanya meno ya watu wa baadhi ya vijiji vya Arusha na Manyara kuwa ya kahawia. Ng'ombe anayeyapata kwa miaka mingi, akinywa na maji yenye floridi, meno yake huisha mapema na viungo hukakamaa. Ukiona ng'ombe bado si mzee lakini anatafuna kwa shida, mfungue mdomo uangalie.

Tatu, na hili nalisema kwa msisitizo: magadi ni kinyume cha tindikali. Wengi tumezoea kumnywesha ng'ombe aliyejaa gesi maji ya magadi. Kama gesi imetokana na urea, magadi yatamwongezea sumu. Sababu yake iko hapa chini.

CHUMVICHUMVI

Sijui nani alianza kuziita mbolea hizi chumvichumvi, lakini jina limeshika kwa sababu linaeleweka: punje nyeupe, zinayeyuka kwenye maji, na nyingine ni chumvi kweli kwa lugha ya darasani. SA ni chumvi, CAN ina chumvi ndani yake, DAP ni chumvi. Urea, ajabu, kwa kemia si chumvi kabisa, ila kwa jina la mtaani imo.

Ng'ombe hajui majina. Aliyekosa chumvi analamba chochote kinachofanana nayo. Atalamba mfuko uliotupwa, ndoo iliyopimia mbolea, na udongo uliomwagikiwa. Atakunywa maji uliyooshea mfuko. Huko kwetu mfuko mtupu wa mbolea hauendi bure, tunaubebea pumba na tunaufunikia paa. Nakuomba usibebee chakula cha mifugo.

Kwa macho, urea ni vipunje vya mviringo kama mtama mdogo mweupe. CAN ni punje kubwa zaidi, nyeupe iliyofifia au ya kijivu. SA ndiyo hatari zaidi kwa macho, kwa sababu chenga zake zinafanana sana na sukari au chumvi ya kawaida. Usionje ili kujua. Chukua chenga kidogo, changanya na majivu ya kuni na maji kidogo, kisha nusa kwa mbali. Ikitoa harufu kali inayochoma pua, kama banda la mbuzi lililofungwa usiku kucha, hiyo ni mbolea, si chumvi. Lakini angalia: urea haitoi harufu hiyo upesi. Kwa hiyo ukinusa harufu, umepata jibu. Usiponusa, bado hujathibitisha kuwa ni chumvi. Kitu kisicho na mfuko wake wala maandishi kisilambwe na mnyama.

Namna ya kusoma mfuko ni rahisi. Mbolea huwa na tarakimu zilizofuatana, mfano 17-17-17, au huandikwa N 46%. Hiyo ya 46 ni urea. DAP huandikwa 18-46-0. Chumvi na madini ya mifugo hayaandikwi hivyo, huorodheshwa Na, Ca, P na mengine, na mara nyingi pana picha ya ng'ombe.

Na hapa ndipo ulipo ule mtego nilioutaja. Madini ya fosforasi kwa ng'ombe anayetafuna mifupa yanaitwa DCP. Mbolea ya kupandia inaitwa DAP. Ni herufi moja tu. Zote zina fosforasi, na zote zaweza kuuzwa katika duka moja la pembejeo, wakati mwingine zikipimwa kwa kilo kutoka mfuko uliofunguliwa. Ukimtuma mtoto dukani, usimwambie "kanunue ya fosforasi ya ng'ombe." Mwandikie DCP kwenye karatasi, na akirudi uangalie alicholeta.

UREA INAUAJE?

Urea imo pia kwenye mkojo. Ile harufu ya banda la mbuzi ni urea ya mkojo iliyogeuzwa na vijidudu kuwa hewa ya amonia. Katika tumbo la kucheulia la ng'ombe kuna vijidudu wanaofanya kazi hiyo hiyo. Urea ikiwa kidogo, wanaitumia amonia kujijenga, na ng'ombe anapata nguvu kutokana nao. Ndiyo maana katika mafunzo ya ufugaji utasikia urea ikitajwa kama chakula: mabua ya mahindi hunyunyiziwa maji yenye urea kwa kipimo, kilo 4 kwa kila kilo 100 za mabua makavu, yakafunikwa bila kupitisha hewa wiki 3; au kuna matofali ya kulamba yenye molasi na urea. Hayo ni kweli na yanasaidia kiangazi. Lakini hufanywa kwa mizani, kwa kumzoesha mnyama taratibu, na hayapewi ndama chini ya miezi sita. Usijaribu kwa kusimuliwa. Niite nije nikuonyeshe mara ya kwanza.

Urea ikizidi, amonia inakuwa nyingi kuliko vijidudu wanavyoweza kutumia, inapenya kwenye damu na kufika kwenye ubongo. Ng'ombe wa kilo 250 asiyezoea anaweza kuugua kwa gramu 100 tu, na theluthi moja ya kilo yaweza kumuua. Sitii chumvi kwenye maneno haya. Chukua mizani ya duka upime gramu 100 za urea, utaona ni kidogo kiasi gani.

Dalili huanza kati ya dakika 20 na saa moja tangu alambe. Anatoa povu, anasaga meno, masikio na ngozi vinatetemeka, anapumua kwa nguvu, tumbo linajaa upande wa kushoto, anapepesuka, anaanguka na kurusha miguu. Anaweza kufa ndani ya saa chache. Ukisubiri kesho asubuhi umechelewa.

La kufanya: waondoe wote hapo walipolamba, hata wale wanaoonekana wazima. Kisha siki ya kawaida ya dukani, ile ya kutia kwenye kachumbari: lita 2 hadi 6 kwa ng'ombe mkubwa, nusu lita hadi lita moja kwa mbuzi au kondoo. Pamoja nayo maji baridi mengi, kwa ng'ombe lita 20 au zaidi, yanayopoza kazi ya wale vijidudu. Siki ni tindikali. Ikikutana na amonia inaifunga kuwa chumvi, chumvi ya darasani safari hii, ambayo haipenyi kirahisi kwenda kwenye damu. Magadi hufanya kinyume chake: huiacha amonia huru.

Njia bora ni mrija unaofika tumboni, na huo tunao sisi. Kwa chupa, maji yote hayo huwezi kuyafikisha kwa haraka, kwa hiyo anza na siki. Kichwa kisiinuliwe sana, mpe polepole, na mwache ameze. Akikohoa, acha kwanza ashushe kichwa. Aliyekwisha kuanguka na hawezi kumeza usimnyweshe, kwa kuwa itaingia mapafuni naye atakufa kwa hiyo. Na usitumie siki kali isiyochanganywa na maji, itamchoma.

Mbolea ya CAN ina hatari nyingine, ya nitrati. Hiyo huifanya damu ishindwe kubeba hewa safi. Mnyama anapumua kwa shida, na ukifungua mdomo fizi hazina wekundu, zimekuwa za kahawia au zinaelekea ubuluu. Siki haiponyi hiyo. Kuna sindano ya mshipani ambayo ni ya daktari, na kila dakika ina thamani. Usimkimbize mnyama huyo wala kumhangaisha. Mpeleke kivulini, upige simu.

Mnyama akifa ghafla, hata kama unaamini ni mbolea, usimpasue na usimle. Kimeta nacho huua ghafla, na humuua mtu pia. Mfunike, mbwa wasimfikie, usubiri tufike.

CHUMVI NYINGINE ZILIZOPO NYUMBANI

Wachinjaji na wanunuzi wa ngozi hutumia chumvi kuhifadhi ngozi isioze. Baada ya kazi hubaki chumvi yenye damu na manyoya, na nimeona watu wakiiomba ili wawape mbuzi. Usiichukue. Imebeba vijidudu vya mnyama usiyemjua alikufa kwa nini.

Maji ya chumvi ya kisima au bwawa linalokauka ni chumvi pia. Kiangazi maji yakipungua, chumvi yake huongezeka. Mifugo wanaokunywa maji yenye ladha ya chumvi waziwazi wapunguzie ile ya kulamba.

Kwa akina mama: chumvi ya dukani ya chakula imewekwa madini joto yanayozuia rovu, lakini chumvi ya mawe ya mifugo mara nyingi haina, na mchanganyiko wa madini ya ng'ombe una vitu visivyofaa chakula cha watu. Isiingie kwenye sufuria. Kama zahanati wamemwambia bibi apunguze chumvi kwa ajili ya shinikizo la damu, magadi ya kwenye maharage nayo yahesabiwe, kwani sodiamu ni ile ile. Na mtoto akiharisha mkiwa mbali na zahanati, mkakosa pakiti za dawa, kipimo ni lita moja ya maji safi, vijiko sita vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi ya chakula, vyote vimesawazishwa. Magadi hayatumiki hapo, na chumvi isizidi. Kisha mpelekeni.

KABLA YA MSIMU WA KUPANDA

Mbolea na chumvi zisilale stoo moja. Kama chumba ni kimoja, mbolea iwe juu darini, chumvi ya ng'ombe iwe kwenye ndoo yenye mfuniko. Asiyejua kusoma asaidiwe kwa alama: mzee yule wa simu sasa hufunga kamba nyekundu kwenye mfuko wa mbolea, na watoto wake wote wanaijua. Mbolea ikishatoka kwenye mfuko wake, iende shambani siku hiyo hiyo. Nunueni chupa nne au zaidi za siki, ziwekwe mahali panapojulikana na kila mtu, pamoja na chupa ya plastiki ya kunyweshea.

Ukinipigia simu usiniambie "wamelamba chumvi." Nisomee maandishi ya mfuko herufi kwa herufi, niambie rangi ya punje, wamelamba saa ngapi, ni wangapi, na fizi zina rangi gani. Kama mfuko umepotea, okoa kilichobaki ndani ya hori, ukifunge kwenye karatasi, unisubiri nacho.